"Tumalizane" ya barabarani inawaumiza majeruhi mara ya pili

Hapa Dodoma gari likigonga bodaboda, watu wakishajaa, huwa hakosi mtu mzima wa kusema "tumalizane." Trafiki wasiitwe, gari lisilale kituoni, sisi sote majirani. Majeruhi akikataa anaambiwa ana tamaa, anataka kutajirika kwa mguu wake. Mimi naona haki ya watu wengi inapotelea hapo hapo, kabla wakili wala hakimu hajasikia lolote.

Niliwahi kuonyeshwa karatasi ya makubaliano ya namna hiyo, Ipagala. Ilichanwa kwenye daftari la shule: mwenye gari ametoa laki mbili na nusu "za matibabu", majeruhi "hatadai tena chochote", chini kuna sahihi ya mjumbe na dole gumba la mama wa kijana. Siku inaandikwa mguu ulikuwa umevimba tu. Eksirei ilipokuja kupigwa, mfupa ulitaka chuma. Karatasi kama ile si lazima ifunge mlango wa mahakama, lakini ndiyo atakayoanza kuitoa wakili wa upande wa pili.

Halafu huruma yenyewe inakwenda pasipohitajika. Watu wanaamini ukidai unamfilisi mwenye gari. Sheria inamlazimisha kila mwenye chombo cha moto awe na walau bima ndogo, na bima ndogo haimnunulii yeye bampa jipya. Ipo kwa ajili ya mtu mwingine atakayeumizwa na chombo chake. Ameshailipia. Sasa mbona tunamchangisha tena mfukoni, pesa kidogo, na kampuni iliyopokea malipo yake haina hata habari?

Tatizo ni kwamba kampuni ya bima hailipi kwa kukuona una magongo. Inataka taarifa ya polisi, PF3 (fomu ya polisi ya majeruhi) iliyojazwa na daktari, na ripoti ya hospitali. Msipoelewana, kwa kawaida unamshtaki aliyekuumiza kwanza, unapata hukumu, ndipo bima inawajibika kuilipa. Waliomalizana barabarani hawana hata PF3. Angalau piga picha namba ya gari. TIRA, mamlaka inayosimamia bima, ambao makao makuu yao yako hapa hapa mjini, wana mfumo wa mtandaoni wa kuhakiki kama bima iko hai.

Wengine wanaripoti vizuri, kisha wanakaa kusubiri dereva ahukumiwe, wakidhani pesa itafuata. Ile ni jinai. Akipigwa faini, faini ni ya serikali. Hakimu anaweza kuamuru majeruhi alipwe kitu, lakini fidia kamili inafunguliwa kesi yake ya madai. Na yule asiyevaa helmeti anayeambiwa "umejitakia" asikubali haraka: ukiwa na sehemu ya kosa, mahakama inaweza kupunguza fidia kwa kadiri ya sehemu hiyo, haiifuti yote kwa sababu hiyo tu.

Kuhusu mamilioni ya kusikia vijiweni, mahakama zetu ni ngumu. Gharama zilizokwisha kutoka lazima zitajwe kwenye madai na zithibitishwe moja moja: dawa, nauli ya kwenda kliniki, kipato kilichokatika. Mama anayeuza mboga Majengo na akaandika mauzo yake kwenye kidaftari yuko mbali sana mbele ya mwenye duka kubwa asiyetunza risiti. Maumivu na ulemavu hukadiriwa na hakimu mwenyewe, na makadirio hayo mara nyingi ni madogo kuliko watu wanavyotarajia.

Fundi aliyeanguka jukwaani kwenye ujenzi, mjini au kule Mtumba, ana njia nyingine: Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF. Anayechangia ni mwajiri, na fundi hahitaji kuthibitisha kwamba bosi alizembea. Atoe taarifa mapema.

Kwa aliyegongwa barabarani, ukomo wa kufungua madai ya uzembe ni miaka 3. Ahadi za "mwisho wa mwezi nitakutoa" hazisimamishi hesabu hiyo, wala kesi ya trafiki inayoahirishwa kila ikitajwa.