Karata za Macdonald 1858: wizi, au sheria yenyewe ndo ilikuwa mbovu?

Stori ya Kanada ya 1858, enzi hizo koloni la Uingereza, kila anayeisimulia, John A. Macdonald, kiongozi wa serikali, anatoka mwizi na mpinzani wake George Brown anatoka malaika. Mi naona Macdonald anaonewa, walau nusu.

Sheria ilikuwa hivi: mbunge akipewa uwaziri wa mshahara, kiti chake kinakufa hapohapo, anarudi jimboni kugombea upya. Ilitoka Uingereza, 1707, enzi wanaogopa taji, yaani mfalme au malkia, litawanunua wabunge kwa vyeo. Haikuwa utani, hata Churchill 1908 aliteuliwa waziri akabwagwa Manchester, ikabidi akatafute kiti Dundee.

Sasa Julai 1858 serikali ya Macdonald na mwenzake Cartier inapigwa bungeni 64 kwa 50, kisa Ottawa, ambayo Malkia Victoria kaichagua iwe makao makuu. Wakajiuzulu. Agosti 2 Brown anaapishwa, na papo hapo yeye na wenzake viti kwishnei. Siku hiyohiyo inakuja kura ya kutokuwa na imani, wanapigwa 71 kwa 31, huku wenyewe hawamo hata ukumbini kujitetea. Gavana Mkuu, Edmund Head, akagoma kuvunja Bunge, Agosti 4 Brown nje.

Hapo ndo watu wanalia eti sheria ilimuua Brown. Hebu piga hesabu. Tuseme mawaziri wake wako kumi na wawili na wote wangekuwa na kura siku ile: 31 na 12 ni 43. Bado 71 inamzidi kwa kura 28! Hata ungewaondoa robo ya waliompinga, 43 haigeuki kuwa wengi. Halafu Head alishamwandikia kabla ya kiapo kwamba asitegemee Bunge kuvunjwa, na Brown akaapa tu. Ukitaka kuona sheria hii ikiua kweli nenda Ottawa 1926, waziri mkuu Arthur Meighen yuko nje ya ukumbi kwa sababu hiyohiyo na serikali yake inaanguka kwa kura moja. Ya Brown sio hiyo.

Haya, karata zenyewe, yaani ule mchezo wa kubadilishana vyeo. Sheria ya 1857 ilisema waziri aliyejiuzulu akishika wizara nyingine ndani ya mwezi mmoja hana haja ya kugombea tena. Kwahiyo wakina Macdonald waliporudi madarakani, Agosti 6 Macdonald, aliyekuwa mwanasheria mkuu, anaapa kuwa mkuu wa posta, Agosti 7 anaapa tena uanasheria mkuu wake uleule, na wenzake nao wanabadilishana wizara hivyohivyo. Mkuu wa posta wa siku moja, sijui hata barua moja aliiona. Wapinzani wakenda mahakamani, majaji wakasema sheria inaruhusu. Na kusema kweli, koloni ile tangu 1848 mawaziri wanatoka kwa wenye wingi bungeni, sio kwa mapenzi ya gavana, sasa huyo wa kununuliwa na taji ni nani?

Kinachonikwama ni kiapo. Kushika Biblia kuahidi kazi ambayo unajua kesho unaiacha, hapo gazeti la Brown, Globe, lilikuwa na haki ya kufoka, na mi sina utetezi.

Brown mwenyewe alirudi Toronto mwezi uleule, akagombea, akashinda. Yaani walioenda kuomba ridhaa ya wananchi kwa ajili ya uwaziri ni wale ambao uwaziri walishanyang'anywa.