Sijamtapikia mkwe, jamani

Kwanza acheni kunitumia stika za kutapika. Aliyewasimulia namjua: ndiye niliyekwenda naye Kilolo, huko Iringa, kujitambulisha ukweni, na karanga za watu alikula kunizidi. Sikumtapikia baba mkwe. Ni kofia tu. Na hata hiyo sikuitapikia, sikilizeni.

Salamu zilipita vizuri, "kamwene" nikaitoa kama mzaliwa. Mzee aliposikia nafundisha Kiingereza, akamwita mjukuu wake wa darasa la nne aniulize neno lililomshinda shuleni: disgust.

Ningesema "kinyaa" yakaisha. Lakini uko ukweni, mama mkwe anachungulia mlangoni, utajizuia? Nikaanzia Roma. Gustus, Kilatini, ladha. Ukiweka dis mbele yake ladha inageuka karaha. Wafaransa wakawa nalo, Waingereza wakalichukua kwao karne ya 16. Nikahitimisha kidole kikiwa juu: "Kwa hiyo, mwanangu, asili yake ni kinyaa cha mdomoni!" Mzee akaguna kwa heshima, akanimiminia ulanzi, pombe ya mianzi.

Mimi mtoto wa Tanga. Niliowahi kuonja ni mtogwa, ule mtamu wa siku hiyohiyo. Huu ulikuwa mkangafu. Umelala, umeamka, umekasirika.

Kikombe cha plastiki, cha kijani. Juu povu. Ndani ya povu nyuki, kalala chali. Najua nyuki hufuata utamu mianzi ikigemwa, sikushtuka. Nikampuliza pembeni. Akarudi. Nikampuliza tena. Mzee ananitazama. Nikafumba macho, nikapiga funda la kiume. Ukali ukapanda mpaka masikioni, nikauvumilia. Kisha ulimi ukagusa kitu chenye miguu.

Pua ikajikunja. Mdomo wa juu ukapanda. Koo likafunga duka. Njia iliyobaki, ndugu zangu, ilikuwa puani, na mbele ya pua yangu palikuwa na goti la mzee, na juu ya goti kofia yake, pama.

Kimya. Kuku mmoja akapita.

Halafu yule mtoto, macho yanang'aa: "Babu, nimeelewa!"

Mama mkwe akakimbilia jikoni, tukamsikia akicheka hadi masufuria yakaanguka. Nikapewa maji, nikapewa kitambaa, nikapigwa faini: pama mpya, pamoja na ndoo ya ulanzi siku ya mahari. Mchumba sasa anapokea simu zangu, ila anacheka kabla ya kusema haloo.

Anayejua pama nzuri zinauzwa wapi Iringa mjini anielekeze. Saizi ya kichwa ninayo.