Siku 30 za Sajenti Jenkins

Usiku wa kuamkia Januari 5, 1965, Charles Robert Jenkins, sajenti wa Marekani mwenye miaka 24, alikunywa bia kama 10 kisha akaongoza doria karibu na mpaka wa Korea mbili. Aliwaambia askari wake anakwenda kukagua mbele, akafunga fulana nyeupe kwenye bunduki yake ya M14, akavuka kwa miguu. Aliogopa kupelekwa Vietnam. Alidhani Korea Kaskazini itamkabidhi kwa Wasovieti, nao watambadilisha na mfungwa wao aliye mikononi mwa Marekani, arudi nyumbani. Hesabu za ulevi hizo. Alikwama karibu miaka 40.

Novemba 2004, mahakama ya kijeshi ya Marekani kwenye kambi yake ya Camp Zama, Japani, ilimpa kifungo cha siku 30, ikamvua cheo na kumfukuza jeshini kwa fedheha. Alikuwa amekiri utoro na kumsaidia adui, yaani kuwafundisha Kiingereza wanafunzi wa jeshi la Kaskazini.

Siku 30 tu? Wanaolalamika wana hoja, ila wanachanganya makosa mawili.

Kwenye kumsaidia adui, namwelewa. Yeye na watoro wenzake watatu walifungiwa nyumba moja hadi 1972, wakikaririshwa maandishi ya Kim Il-sung saa 10 au zaidi kwa siku. Mwaka 1966 walikimbilia ubalozi wa Kisovieti, wakarudishwa. Tatuu yake ya "US Army" ilikatwa pamoja na ngozi, bila ganzi. Mtu wa hivyo akiambiwa afundishe, anafundisha.

Utoro ni habari nyingine. Kwamba alitarajia kurudi nyumbani hakumwokoi, maana kisheria kuacha kikosi ili kukwepa kazi ya hatari kunatosha. Tena alikuwa kiongozi, na vijana wake wakabaki gizani wakimngoja. Mateso ya baadaye hayakumlazimisha kuvuka.

Kilichopunguza uzito wa adhabu, kwa maoni yangu, ni mkewe. Hitomi Soga alitekwa na Kaskazini kisiwani Sado, Japani, mwaka 1978, wakaoana 1980. Usiku Jenkins alimtakia usingizi mwema kwa Kijapani, "oyasumi", naye akamjibu kwa Kiingereza. Soga aliporudi Japani 2002, mume na mabinti wawili walibaki Pyongyang. Wakakutanishwa Jakarta Julai 2004, kwa kuwa Indonesia haina mkataba na Marekani wa kukabidhiana watuhumiwa. Japani ilitaka familia hiyo iishi pamoja, na Marekani haikuona faida ya kumuudhi mshirika wake kwa ajili ya mzee wa miaka 64.

Aliachiwa siku chache kabla ya muda, akahamia Sado, akawauzia watalii biskuti za mchele. Alifariki huko Desemba 2017.