Kilo Sita za Nini?

Jumamosi jioni, ufukweni Bagamoyo, nilimkuta mnunuzi wa chuma chakavu ametundika mizani yake mbele ya kibanda cha fundi mmoja ninayemheshimu sana. Alitaka kumpimia ngalawa.

Si ya kuvulia; ni sanamu ya vyuma chakavu inayochezeshwa na upepo. Mlingoti wake ni bomba la maji, juu pangaboi la bati lililotoka kwenye paa la nyumba iliyobomolewa, chini cheni na pedeli za baiskeli. Kusi ikivuma pangaboi linazunguka, cheni inavuta, na wavuvi wanne wa waya wanainama na kuinuka wakivuta wavu.

"Kaka, hapa kuna kilo sita," mnunuzi akasema. Fundi akainamisha kichwa akipiga hesabu, na hapo ndipo roho iliponiuma.

Kilo sita za nini? Nimemwona fundi huyu akikata spoku upya mara tano kwa sababu mvuvi wa tatu alichelewa kuinuka. Beringi kuukuu aliziosha kwa mafuta ya taa mpaka zikateleza. Akizidisha nati moja upande mmoja, upepo wa asubuhi haupati nguvu ya kuzungusha. Akiipunguza, kusi ya Julai inang'oa kila kitu. Kazi ni huko kusawazisha, na mizani ya ndoano haisomi hilo. Msanii Jean Tinguely wa Uswisi naye aliokota vyuma na magurudumu akavifanya vicheze, na katika mji wa Basel kuna makumbusho yenye jina lake tangu 1996. Sisi tuliokuwa tukichonga matairi ya magari ya makopo kwa kandambili tulipaswa kulielewa hili kabla ya Waswisi.

Wanaomsifu kwa kusafisha ufukwe tu, kwa kuwa anaokota vyuma, nao hawajamtazama.

Haya, nakubali: chumvi ya bahari inazila sanamu hizi, na bila grisi zinakwama. Hata jahazi hupakwa sifa, yaani mafuta ya papa, likaendelea kuitwa jahazi.

Mji huu una chuo cha sanaa tangu 1981, na wageni wanavuka bahari kuja kuona ngoma zetu. Naomba, kwa moyo wangu wote, ngalawa hii isimamishwe mahali pa wazi panapopata upepo, na fundi alipwe kama msanii.

Bado hajaiuza. Leo asubuhi nimepita kibandani, upepo ulikuwa kidogo sana. Wavuvi watatu walikuwa wameshainuka, wa nne alikuwa ndiyo kwanza ananyanyua mgongo.