Life & Death ya The Sims 4: nitainunua, ila si kwa bei hii

The Sims 4 ni gemu ya kuendesha maisha ya watu wa kubuni, wanaoitwa Sim, na vifurushi ni nyongeza zake zinazouzwa kando. Kila kifurushi kipya kinapotoka, watu huulizana swali moja: ni kizuri? Mimi swali hilo limenichosha, maana jibu lake karibu kila mara ni ndiyo. Kwenye trela hakuna kifurushi kibaya. Utaonyeshwa mji mpya wenye machweo ya kuvutia, nguo mpya, makochi mapya, na Sim wanaocheka hadi magego yanaonekana. Siku kumi baadaye machweo umeshayazoea na makochi umeshayapanga. Ninachotaka kujua mimi ni hiki: katika wiki ya kawaida ya familia ninayoicheza, kifurushi hiki kitagusa nyumba yangu mara ngapi?

Ninachokipigia hesabu sasa ni Life & Death, kilichotoka tarehe 31 Oktoba 2024, cha 17 katika orodha ya vifurushi vikubwa vya gemu hii. Bei yake kamili ni dola 39.99, sawa na vingine vya daraja hilo. Gemu yenyewe imekuwa ya bure tangu Oktoba 2022, kwa hiyo kuishi ni bure, kufa ndiko kunakolipiwa. Aliyepanga mambo hivyo ana utani wake.

Kwanza niseme ninavyocheza, kwa sababu bila hilo ushauri wowote wa kununua ni maneno matupu. Nacheza familia moja, kizazi baada ya kizazi. Sijengi majumba, nyumba zangu ni maboksi yenye paa. Vampaya sina habari nao, umaarufu siutafuti, na mji wowote nikihamia nauona kupitia dirisha la jikoni. Kinachonishika ni kuona mtoto aliyekuwa akitambaa juzi leo anagombana na baba yake, halafu kesho na yeye anakuwa baba. Mtu anayecheza kwa kujenga, au anayeanzisha familia mpya kila wikiendi na kuitelekeza Jumatatu, ana hesabu yake nyingine, na hahitaji kukubaliana na yangu.

Sasa, kwa mchezaji wa vizazi, kifo ni sehemu ya kazi. Na katika gemu ya msingi kifo ni chepesi mno. Bibi anafika mwisho wa umri wake, anaanguka kando ya friji, mtoa roho anatokea na joho lake jeusi na mundu mrefu, waliopo wanalia, mmoja anaweza kumsihi amwache, na kama haikusaidia linabaki jiwe la kaburi. Unalibeba unaliweka uani. Familia inatembea na alama ya huzuni kwa muda mfupi, kisha mjukuu anarudi kucheza gemu kwenye kompyuta kama kwamba aliyeondoka alikuwa mpangaji. Pesa hubaki kwenye mfuko wa pamoja wa nyumba, hakuna anayeulizwa. Na kama bibi alikuwa akiishi peke yake, akiba yake hupotea naye, hata kama ana watoto watatu mtaa wa pili.

Hapo ndipo Life & Death inanitega. Sim anaweza kuandika wosia akiwa hai: nani apate kiasi gani, kitu gani cha thamani kiende kwa nani, watoto wadogo walelewe na nani. Yanaandaliwa mazishi. Waliobaki hawaombolezi kwa namna moja. Mmoja huzuni inamgeuka hasira, mwingine anakataa kabisa kukubali kilichotokea. Vitu vya urithi vinaweza kupita mkono kwa mkono kutoka kizazi hadi kizazi. Kwangu hayo hayahusu kifo tu. Yanampa mzee jambo la kufanya kabla hajafa, na uzee katika gemu hii umekuwa chumba cha kusubiria kwa muda mrefu sana. Nikimkalisha babu mezani aandike wosia, nalazimika kuamua kama yule binti aliyehama kwa hasira bado yumo. Gemu haijaniuliza swali la namna hiyo kwa miaka mingi.

Ila rudi kwenye kipimo changu: mara ngapi? Mimi nacheza kwenye setingi ya maisha marefu. Msiba nyumbani kwangu huja mara moja katika jioni nyingi za kucheza. Wosia huandikwa mara moja, pengine mbili kama babu ni mtu wa kubadilisha mawazo. Siku zilizobaki, yaani karibu zote, kifurushi kimelala.

Kilinganishe na Seasons ya Juni 2018, ambayo nadhani ndiyo kifurushi pekee ninachoweza kumshauri mtu bila kumuuliza anachezaje. Ukishakiweka, hakuna mahali unapopaswa kwenda ili ukione. Unafungua nyumba yako ya zamani na mvua inanyesha. Kila msimu unachukua siku saba za Sim ukiuacha ulivyo, na unaweza kuurefusha hadi 14 au 28. Inakuja kalenda yenye sikukuu, na sikukuu unaweza kuitunga mwenyewe: unachagua desturi zake, unaipa jina, na kila mwaka Sim wako wanakumbuka siku hiyo na kukasirika ikipuuzwa. Bustani inabadilika kuliko vyote. Mmea usio wa msimu huo unalala, hauzai, mpaka wakati wake urudi, na ukitaka mavuno mwaka mzima inabidi uipande ndani, kwenye banda lenye paa. Familia yangu iliyokuwa ikiishi kwa kuuza mboga ililazimika kufikiria upya maisha yake yote, na mimi sikuwa nimepanga hadithi hiyo. Hata mavazi yanaongezeka mafungu mawili, ya joto na ya baridi, na Sim aliyetoka nje na nguo ya kuogelea kwenye theluji anaweza kufa kwa baridi kweli kweli.

Dola ni zile zile 39.99, lakini Seasons inafanya kazi kila asubuhi.

Upande wa pili kabisa kuna Get to Work ya mwaka 2015. Wazo lake tamu: unamfuata Sim wako kazini, awe daktari, mpelelezi au mwanasayansi. Mara ya kwanza ni raha tupu, unampima mgonjwa, unakimbizana na saa. Lakini unapomfuata mama hospitali, huku nyumbani wengine wanajiendesha wenyewe, na kwa mtu anayecheza familia nzima hilo ni kukosa nusu ya siku. Muda si mrefu unaanza kumwacha aende peke yake, jambo ambalo gemu ya msingi inakuruhusu bure. Kifurushi hicho si kibaya. Kimemlenga anayecheza Sim mmoja.

Tena si lazima kitu cha kila siku kiwe kikubwa. Parenthood, ya Mei 2017, ni kifurushi cha daraja la kati, bei kamili dola 19.99, na kwa familia yenye watoto hakina mpinzani. Mtoto anajengeka tabia tano, kuanzia uwajibikaji na adabu hadi huruma, na kila kitendo kidogo kinahesabiwa: ametandika meza, amefoka, ameomba msamaha. Akifikia utu uzima anaondoka na sifa alizojijengea, nzuri au mbaya. Hakuna mji mpya, hivyo trela haina cha kukuonyesha zaidi ya mzazi anayemkaripia kijana sebuleni. Ndiyo maana wengi wanakipita. Kama una watoto wanne kwenye nyumba yako ya Sim na huna Parenthood, acha kusoma kuhusu mazishi.

Kuna jambo jingine linalopoteza watu pesa: kutotofautisha kinacholipiwa na kinachokuja bure. Watengenezaji wana kawaida ya kutoa apdeti ya bure karibu na siku ya kifurushi kipya, na vyote viwili vinazungumzwa kwa pamoja. Watoto wachanga wanaotambaa walikuja kwa wachezaji wote tarehe 14 Machi 2023, siku mbili kabla ya Growing Together kuanza kuuzwa. Wapo walionunua Growing Together wakiamini ndiyo inayoleta wachanga, wakati tayari walikuwa nao. Historia ya gemu hii imejaa vitu vya namna hiyo: ilipotoka Septemba 2014 haikuwa na mabwawa ya kuogelea wala watoto wadogo wanaoanza kutembea. Mabwawa yalirudi bure kabla mwaka huo haujaisha, watoto wakarudi bure Januari 2017. Kwa hiyo kabla hujalipa, fungua gemu yako kama ilivyo, isasishe, na uangalie ni kipi katika ulivyovitamani tayari kiko mkononi.

Kuhusu hitilafu sitasema mengi. Kifurushi kinachotoka leo kina kasoro leo. My Wedding Stories ilipotoka Februari 2022, wachezaji walilalamika kwamba harusi zenyewe hazifanyiki inavyopaswa, wageni hawakai walipoambiwa wakae. Marekebisho yalikuja baadaye. Anayenunua wiki ya kwanza anafanya kazi ya kukagua bila mshahara, na Life & Death nimeiacha ipoe makusudi. Anayenunua kupitia Steam, duka la gemu la mtandaoni, ana kinga kidogo: nyongeza ya gemu inaweza kurudishwa ndani ya siku 14, mradi gemu yenyewe hujaicheza saa mbili tangu uinunue hiyo nyongeza. Saa mbili kwenye gemu hii ni muda wa kuvalisha familia nguo tu, lakini ukienda moja kwa moja kwenye kile ulichokinunulia zinatosha kukuonyesha kama kinafanya kazi.

Na mashine pia ina usemi. Kompyuta ya zamani ikibebeshwa vifurushi vingi inaanza kuvuta miguu, na subira ya kila mara unapotoka nyumba moja kwenda nyingine inarefuka. Ukivinunua vyote kwa bei kamili unavuka dola 1,000, na sioni ni Sim gani anaweza kuishi maisha yanayotumia vyote hivyo. Anayekusanya kwa ajili ya kukusanya sina ugomvi naye. Namshangaa tu anayelalamika kwamba gemu ni ghali huku ana miji ambayo hajawahi kuikanyaga.

Life & Death, basi. Nimejaribu kuigawa kama mtu anayegawa mirathi. Upande mmoja kuna wosia, mazishi, maombolezo na vitu vya urithi: hivi vitaingia nyumbani kwangu, kwa nadra, lakini kila vikija vitabadilisha mwelekeo wa familia kwa kizazi kizima. Nakubali kwamba hapa kipimo changu cha mara ngapi kinapwaya kidogo. Kifo cha babu hakiji kila asubuhi kama mvua, lakini hakuna mvua iliyowahi kuwafanya ndugu wawili wa Sim wangu wasisalimiane. Jambo la nadra lenye uzito linastahili kuhesabiwa, ila si kwa bei ya jambo la kila siku.

Upande mwingine kuna mji wa Ravenwood, ambao najua sitahamia. Kuna kazi ya kuwa mtoa roho mwenyewe, ukizunguka kukusanya roho za watu. Kichekesho kizuri, kwa mtu mwingine. Kuna mizimu inayochezeka ikiwa na uwezo mpya, na safari nzima ya roho baada ya kufa, hadi kuzaliwa upya. Hapo mimi natofautiana na waliokisanifu. Wafu wakianza kuishi maisha marefu kuliko walio hai, wosia unapoteza maana: babu anaandika nani arithi kiti chake, kisha usiku anarudi kukikalia. Mizimu nitaiachia uani kama zamani.

Kwa hesabu hiyo nusu ya kifurushi ni yangu na nusu si yangu. Vifurushi vya gemu hii hupunguzwa bei mara kadhaa kwa mwaka, na vile vilivyokaa muda hushuka hadi nusu. Bibi wa familia yangu bado ana nguvu, anakimbia kila asubuhi, na umri wake nimeusimamisha kwenye setingi. Asubiri punguzo.