Space Shuttle haikukosea pale tunapodhani

Kila inapotajwa siku hizi Space Shuttle, chombo chenye mabawa kilichopeleka wanaanga wa Marekani angani na kurudi, namba moja hutangulia: dola bilioni 1.5 kwa safari. Anayeitaja huiweka kando ya Dragon, kapsuli ya kampuni ya SpaceX ambayo tangu Mei 2020 imekuwa ikipeleka wanaanga, ikirudi na kutumika tena kwa sehemu ndogo ya fedha hizo. Kisha hukumu inapita: chombo chenye mabawa kilikuwa kosa la miaka 30, na Marekani ingebaki na kapsuli tangu mwanzo ingekuwa mbali. Sehemu ya hukumu hiyo ni ya haki, na nitaikubali hapo chini. Ila naamini wengi wanaoitoa wanamwadhibu asiyehusika.

Tuanze na namba yenyewe. Hupatikana kwa kujumlisha karibu kila kilichotumika tangu Rais Nixon alipouidhinisha mradi Januari 1972 hadi Atlantis, mojawapo ya Shuttle hizo, ilipotua mara ya mwisho Julai 2011, kiasi kinachokaribia dola bilioni 200, na kukigawa kwa safari 135. Hesabu haina kosa. Lakini fikiria mtu aliyenunua basi kwa mkopo, akaajiri dereva, kondakta na mafundi wa mwaka mzima, halafu basi likawa linasafiri mara moja kwa wiki. Gawa gharama zote kwa safari, utapata nauli ya kutisha, na bado hutakuwa umejua basi linakula mafuta kiasi gani. Mwaka 1985 Shuttle ziliruka mara 9, nyingi kuliko mwaka mwingine wowote. Mwaka 2004 haikuruka hata moja, na maelfu ya wafanyakazi waliendelea kulipwa, kama ilivyopasa. NASA yenyewe, shirika la anga la Marekani, ilikuwa ikitaja takriban dola milioni 450 kwa safari. Kati ya milioni 450 na bilioni 1.5 kuna pengo kubwa, na pengo hilo kwa sehemu kubwa linatokana na uchache wa safari.

Hapo mkosoaji ananijibu, na jibu lake ni zito: safari zilikuwa chache kwa sababu ya chombo chenyewe. Mipango ya mwanzo ilizungumzia hadi safari 60 kwa mwaka, kila chombo kikirudi kazini ndani ya wiki mbili. Rekodi iliyofikiwa ni siku 54, pale Atlantis iliporushwa Oktoba 1985 na kurushwa tena Novemba. Haikuvunjwa kamwe. Siku hizo 54 ziliishia wapi? Kwenye injini zilizofunguliwa na kukaguliwa, kwenye mabomba na nyaya, lakini zaidi ya yote kwenye vigae vya kukinga joto vilivyofunika mwili wa chombo.

Kigae kimoja ni kipande cha nyuzi za silika, ukubwa wa kiganja kilichokunjuliwa, na sehemu kubwa ya ndani yake ni hewa tupu. Kitoe kwenye tanuri kikiwa chekundu kwa joto la nyuzi zaidi ya 1,200, na baada ya sekunde chache utaweza kukishika pembe kwa vidole vitupu huku katikati bado kinawaka. Ni kitu cha ajabu kabisa. Lakini ukikigonga kinapasuka. Mwili wa chombo ulijipinda kila mahali kivyake, hivyo karibu kila kigae kilichongwa kwa umbo lake na kupewa namba yake. Hakikubandikwa moja kwa moja kwenye alumini, kwa sababu alumini hutanuka ikipata joto na kigae hakitanuki. Katikati yao kuliwekwa kitambaa kizito cha kumeza mvutano. Columbia, Shuttle ya kwanza kwenda angani, ilipobebwa mgongoni mwa ndege kwenda Florida mwaka 1979, vigae vilikuwa vinabanduka njiani, na ilichukua miaka miwili zaidi kabla wanaanga John Young na Robert Crippen hawajairusha tarehe 12 Aprili 1981. Tena baada ya kila safari, mafundi waliovaa vifaa vya kupumulia walipita kigae kwa kigae wakiingiza dawa ya kuzuia maji kupitia kitundu kidogo, kwa kuwa joto la kurudi duniani lilikuwa limeunguza ile ya awali. Kwa kila chombo ni vigae kama 24,000. Anayesema huko siko kutumia tena bali ni kujenga upya nusu nzima, ana haki ya kusema hivyo.

Ninachokataa ni hatua inayofuata, ya kusema basi wazo la chombo kinachorudi kizima lilikuwa bovu. Mwanzoni wahandisi walichora mfumo ambao hata kisukumizi chake, yaani roketi ya kukipandisha, kingekuwa na mabawa na rubani, na kingerudi uwanjani. Fedha zikabanwa. Likaja tangi kubwa la kutupwa, zikaja roketi mbili za mafuta magumu za kuokotwa baharini. Halafu likaja Jeshi la Anga, ambalo msaada wake wa kisiasa ulihitajika. Lilitaka chumba cha mizigo chenye urefu wa mita 18, na lilitaka chombo kikirudi kiweze kuruka kando ya njia yake karibu kilomita 2,000, ili kikirushwa California kuelekea ncha za dunia kiweze kuzunguka mara moja tu na kurudi palepale. Matakwa hayo kwa kiasi kikubwa ndiyo yaliyoleta mabawa makubwa ya pembetatu, na mabawa makubwa ni eneo zaidi la kukinga moto, yaani vigae zaidi. Hakuna Shuttle hata moja iliyowahi kurushwa kutoka California. Kwa miaka 30 mafundi walihudumia mabawa yaliyokatwa kwa ajili ya safari ambayo haikufanyika. Jambo hilo linaniuma kila nikilifikiria.

Vifo vya watu 14 sitavitetea, na hapa wakosoaji wako sahihi moja kwa moja. Shuttle Challenger iliangamia Januari 1986 kwa sababu ya pete za mpira katika kiungo cha roketi ya pembeni, asubuhi ya baridi kali, baada ya wahandisi wa Morton Thiokol, kampuni iliyotengeneza roketi hizo, kupinga urushaji usiku wa kuamkia siku hiyo na kushindwa. Columbia iliangamia Februari 2003 kwa sababu kipande cha povu la tangi, kisichofika hata kilo moja, kiligonga ukingo wa bawa la kushoto wakati wa kupaa. Kabla ya hapo, Desemba 1988, Atlantis ilirudi na vigae zaidi ya 700 vilivyoharibika, na onyo hilo halikutosha. Abiria waliwekwa ubavuni mwa mafuta, bila njia ya kujitoa, mara nyingi kwa ajili ya kupeleka satelaiti ambayo roketi isiyo na mtu ingeipeleka. Dragon hukaa juu kabisa ya roketi na ina injini za kuikwepesha. Hayo ni maendeleo ya kweli. Lakini tazama madhara yalikoanzia: roketi ya pembeni na tangi. Ni vitu vilivyowekwa hapo kuokoa fedha.

Na Dragon nayo isifiwe kwa inachokifanya. Hudondoka kwenye maji ya chumvi, hubadilishiwa ngao ya joto, na sehemu yake ya nyuma hutupwa. Hatua ya pili ya roketi yake nayo hupotea kila safari. Inamudu kwa sababu inarudisha kitu kidogo. Mwaka 1984 wanaanga wa Shuttle Discovery walizifuata satelaiti mbili zilizopotea njia, Palapa B2 na Westar 6, wakazikamata kwa mikono na kuzileta nyumbani. Hakuna chombo cha leo kinachobeba wanaanga kinachoweza kazi hiyo. Septemba 2024, watu wawili walipotaka kutoka nje ya Dragon, ilibidi hewa yote ya ndani iachiliwe, kwa kuwa haina chumba cha kutokea. SpaceX hiyohiyo, ilipoamua kujenga chombo kikubwa cha kurudi chote, Starship, iliifunika upande mmoja kwa vigae vya kauri takriban 18,000. Safari hii vingi vina umbo moja la pembe sita, ili kimoja kiweze kuingia mahali pa kingine. Somo hilo limetoka kwenye karakana za Florida.

Mei 2009 mwanaanga Mike Massimino alikuwa ameng'ang'ania darubini ya Hubble, nje ya Atlantis, akitaka kufikia kifaa kilichokufa. Alitakiwa kufungua skrubu ndogo 111, lakini kabla ya hapo kulikuwa na kishikio cha kuondoa, na parafujo yake moja ikagoma kwa kuwa kichwa kilikuwa kimeliwa. Akakishika kwa mkono na kukivuta mpaka kikang'oka. Katika ziara hiyohiyo wenzake waliweka jairoskopu 6 mpya, zile zinazoiwezesha darubini kujua imeelekea wapi. Tangu Juni 2024 Hubble inaelekezwa kwa jairoskopu moja. Vishikio vingine bado viko ubavuni mwake, vimepangwa kwa urefu wa mkono wa mtu.