Bibi wa Supu ya Kusahau

Katika imani za jadi za China, mtu akifa hupitishwa kwenye mahakama kumi za kuzimu, na kabla hajazaliwa upya hukutana na bikizee mmoja darajani, bakuli mkononi. Daraja linaitwa Naihe, bikizee anaitwa Meng Po. Supu yake ni ya mitishamba na ina ladha tano: tamu, chungu, kali, chachu na chumvi. Ukishaimaliza humkumbuki mkeo, wala mdeni wako, wala aliyekuua. Kule Fengdu, kando ya mto Yangtze, kuna daraja lenye jina hilohilo, na watalii hulivuka simu zikiwa mkononi, wakipiga picha.

Ugomvi juu ya bibi huyu ni wa siku nyingi: anatuhurumia au anatuibia?

Wanaomtetea huanzia kwa mtoto mchanga. Hebu fikiria unalinyonya ziwa la mama huyu huku unamlilia yule uliyemwacha kwenye maisha yaliyopita. Hata kumbukumbu za maisha haya mamoja zinaweza kumlemea mtu. Mwaka 2006 wanasayansi wa Chuo Kikuu cha California, Irvine, walichapisha habari za mwanamke waliyemficha kwa herufi AJ. Baadaye alijitokeza mwenyewe kwa jina lake, Jill Price. Mtajie tarehe yoyote tangu 1980, atakwambia ilikuwa siku gani na yeye alikuwa akifanya nini. Wengine tungeiita karama. Yeye aliita mzigo: aibu ya miaka ishirini iliyopita inamrudia mbichi kama ya jana. Mtu kama huyo ukimpa bakuli la Meng Po, sidhani angeuliza bei.

Upande wa pili nao haukosi hoja. Kama shida za maisha haya ni malipo ya makosa ya maisha yaliyotangulia, kumfutia mtu kumbukumbu ni kumchapa kwa kosa la mtu asiyemjua. Atajifunza nini? Watetezi hujibu kwamba deni halifi kwa mdaiwa kusahau. Kweli, lakini hata mdaiwa huonyeshwa daftari.

Mimi nilikuwa upande wa rehema mpaka nilipokutana na habari za bibi huyu alivyopata kazi yake. Zimo katika kitabu cha mawaidha kilichosambaa sana China zama za Qing, utawala wa mwisho wa kifalme. Meng Po, kinasema, aliishi duniani zama za utawala wa Han, yapata miaka elfu mbili iliyopita. Alisoma tangu utotoni, hakuolewa, hakula nyama, hakuwaza ya jana wala ya kesho, akafika miaka 81. Wakati huo walikuwapo watu waliokumbuka maisha yao ya awali, wakawa wanaibuka kwenye nyumba za watu na kudai undugu: mimi ndiye marehemu baba yenu. Siri za kuzimu zikavuja. Hapo ndipo Meng Po akateuliwa na kujengewa ukumbi wake wa supu.

Angalia vizuri sababu ya uteuzi. Hakuna aliyesema watu wanaumia. Walisema watu wanavuruga utaratibu. Na anayekataa kunywa hasihiwi: miguu yake inanaswa na visu vya kulabu, na bomba la shaba lenye ncha linachomekwa kooni mpaka supu ishuke. Dawa ya huruma hainyweshwi hivyo.

Hata hivyo siwezi kumhukumu moja kwa moja, kwa sababu nimeona kinyume chake kilivyo. Mwaka 1969 huko kusini mwa Italia, kwenye mji wa kale wa Wagiriki ulioitwa Hipponion, kilichimbuliwa kipande chembamba cha dhahabu ndani ya kaburi la mwanamke. Kina umri wa miaka kama 2,400 na kina maelekezo ya safari. Utaona chemchemi penye mti mweupe, roho nyingine zinajiburudisha hapo, usiikaribie. Mbele yake kuna ziwa la Kumbukumbu, nalo lina walinzi. Watakuuliza unatafuta nini gizani. Wajibu: mimi ni mtoto wa Ardhi na wa Mbingu yenye nyota, nakufa kwa kiu. Watakunywesha.

Ni maneno mazuri mno, lakini walioyajua ni waliokwisha kutiwa unyago wa ibada za siri za Wagiriki hao, na hapa yameandikwa kwenye dhahabu. Wengine wote walisongamana kule chemchemini. Kwa Meng Po, mfalme na mwombaji wanapanga foleni moja na kunywa supu ileile. Ukali wake angalau hauna upendeleo.

Mwaka huohuo wa 1969 John Mbiti, mwanateolojia wa Kenya, alitoa kitabu kilichoyachukua maneno yetu mawili, Sasa na Zamani, kuelezea wakati. Wengi walimpinga alipodai kwamba wakati wa Mwafrika hauna kesho ndefu, na hapo nipo nao. Lakini alisema jambo jingine ambalo sijaona wa kuling'oa: aliyekufa bado yuko Sasa maadamu yupo hai anayemkumbuka kwa jina. Akiondoka wa mwisho anayemjua, ndipo marehemu anazama Zamani. Kwa hiyo mlinzi wetu hayuko darajani. Ni bibi aliye uani, anachambua mchele.

Humsikii akimwita mjukuu mwenye jina la marehemu mumewe? "Mume wangu, hebu njoo uoge." Na binti yake, aliyempa mtoto jina la baba yake mzazi, humwita "baba", tena akimkemea kwa adabu: "Baba, shuka mezani, utaanguka." Mtoto ana miaka mitatu, kamasi zinamtoka, na hakuna anayeshangaa kwamba marehemu amerudi kudai undugu.